Nusu robo ya mkate: sinema ya kutembeza ya Dodoma na filamu za walionusurika mizingiro ya vita

Kuna kikundi cha vijana Dodoma mjini kinachopakia projekta, pazia, spika mbili na jenereta kwenye Noah moja, kikakufuata shuleni, kwenye ukumbi wa kanisa au uwanja wa ofisi ya kijiji, kikaonyesha filamu za makala zilizotiwa sauti ya Kiswahili. Kwa sasa wanatembeza mbili, zote za watu wa kawaida waliokaa ndani ya mji uliozingirwa na adui. Moja ni ya Leningrad, mji wa Urusi, siku 872, kuanzia Septemba 8, 1941 hadi Januari 27, 1944. Nyingine ni ya Sarajevo, mji mkuu wa Bosnia, siku 1,425, kuanzia Aprili 5, 1992 hadi Februari 29, 1996. Humo hamna jenerali wala profesa mwenye fimbo ya kuonyeshea ramani. Wanaoongea ni waliopanga foleni ya mkate, waliobeba maji, waliokuwa watoto.

Jina la kikundi tunaliacha, maana kasoro zao ni za kurekebishika na wenyewe wanazijua. Anayetaka jibu la haraka: mitambo yao inatosha, ya Sarajevo ichukueni hata kesho, ya Leningrad isubirini mpaka sauti irudiwe. Karibu kila kitu kizuri na kibaya katika huduma hii kinatoka mahali pamoja, kwenye sauti ya mtafsiri.

Watu wa Dodoma wamekulia kwenye mabanda ya video. Mtafsiri wa bandani humpa steringi jina la mtaani, huongeza mzaha, hutangaza ngumi kabla haijapigwa. Kwa filamu za kivita za kubuni ule ni ufundi, na mwenye kipaji nacho hulipwa. Ila ukimwekea mtafsiri wa namna hiyo bibi anayeeleza jinsi alivyomkokota mama yake makaburini kwa kigari cha theluji cha mtoto, umeharibu. Kikundi hiki wamelijua hilo mapema na mizaha hamna. Wameponea hapo, lakini kwenye Leningrad wameangukia upande wa pili: mtafsiri anasoma kwa sauti ya matangazo ya vifo redioni, mwanzo hadi mwisho, hata pale shahidi mwenyewe anapocheka.

Na wanacheka. Mtu asiyezijua filamu za aina hii hudhani ni kilio mfululizo. Watu wa Sarajevo hasa wana mzaha mkavu kuhusu mzingiro wao. Walipelekewa nyama ya kopo ya msaada aina ya ICAR, wakaidhihaki mpaka vita vikaisha, na mwaka 2007 ukazinduliwa mjini humo mnara wa kopo hilo. Shahidi anapolitaja kopo kwa tabasamu, mtafsiri naye inabidi alegeze koo. Kwenye toleo la Sarajevo anayetafsiri ni dada mmoja, naye analegeza. Watazamaji wa hapa wanacheka pale pale anapocheka shahidi, na hicho ndicho kipimo.

Sasa ufundi wenyewe, maana hapa ndipo wateja wengi hawajui waulize nini.

Kutia sauti juu ya ushuhuda kuna desturi yake. Shahidi anaachwa aongee peke yake kwa sekunde mbili hivi, msikilizaji apate rangi ya sauti yake na lugha yake. Ndipo sauti hiyo inateremshwa taratibu, si kukatwa, mtafsiri anaingia. Mtafsiri anamaliza kabla ya shahidi, ili neno la mwisho lisikike kwa lugha ya mwenyewe. Kiasi cha kuteremsha ni desibeli (kipimo cha ukubwa wa sauti) 12 hadi 15. Ukiteremsha 6 tu, sauti mbili zinapigania sikio moja na hakuna anayesikika. Ukiteremsha 25, shahidi anakuwa mtu anayechezesha mdomo kwenye kioo. Toleo la Sarajevo limefuata haya karibu yote. Kibosnia kinasikika chini yake kama mtu anayeongea chumba cha pili na mlango uko wazi.

Leningrad waliiachia programu ifanye yenyewe. Mtafsiri akitoa neno, sauti ya nyuma inashuka. Akivuta pumzi, inapanda. Akiendelea, inashuka tena. Nyuma kunakuwa na kitu kinachopanda na kushuka kama kifua cha mtu aliyekimbia. Kwa filamu ya mapishi ungevumilia. Kwa Leningrad kuna sababu moja kubwa ya kutovumilia, nayo ni metronomu.

Metronomu ni kile chombo cha wanamuziki cha kupigia mwendo: tak, tak, tak. Redio ya Leningrad ilipokuwa haina kipindi iliurusha mlio huo hewani, na spika zake zilikuwa majumbani na barabarani. Mlio wa polepole, kama 50 kwa dakika, maana yake hali ni shwari. Ukienda mbio, kama 150 kwa dakika, ndege zinakuja, teremka chini. Maana yote iko kwenye mwendo. Filamu inaueleza mlio huo kupitia wazee wawili, kisha inauacha usikike nyuma ya maelezo yao. Kwenye toleo hili la Kiswahili mlio unamezwa kila mtafsiri anapofungua mdomo na unachomoza kila anapopumua. Unasikia tak, kimya, tak tak, kimya. Mtazamaji aliyetoka kuambiwa kuwa mwendo ndio ujumbe anaachwa na mwendo usio na maana yoyote.

Dawa yake haihitaji studio ya Dar. Uteremshaji wa kujiendesha uzimwe, mistari ya sauti ichorwe kwa mkono sentensi kwa sentensi, na penye metronomu mtafsiri akae kimya, maelezo yake yasogezwe kabla au baada. Kwa filamu ya saa moja na nusu, mtu anayejua kazi anaimaliza kwa siku mbili au tatu. Kama hawana muda huo, basi angalau muda wa sauti ya nyuma kurudi juu urefushwe ukaribie sekunde moja, isiwe inaruka kila mtafsiri anapomeza mate.

Kosa la pili la Leningrad ni mkasi. Wameipunguza karibu robo ili onyesho na mazungumzo yaishe mapema, watu wasichelewe kulala. Si vibaya kupunguza. Ubaya ni walikopunguza: kwenye vimya. Shahidi anaulizwa jambo, anatazama pembeni sekunde nane, tisa, ndipo anajibu. Wameziona zile sekunde kuwa ni mahali patupu, wakazitoa. Baada ya mkasi, mzee anaulizwa kuhusu mdogo wake na anajibu papo hapo kama mtu aliyeulizwa saa. Kama lazima kupunguza, toeni sura nzima, kwa mfano ile ya mipango ya majeshi. Wanaokuja kutazama hawaikosi, na aliyeongea anabaki na mwendo wake.

Lugha nayo ina mambo yake. Toleo la Leningrad linasema "anasema kwamba alikuwa na njaa, anasema kwamba walikwenda". Kila sentensi inamsukuma shahidi hatua moja nyuma. Kwa Kiswahili ushuhuda husemwa kwa nafsi ya kwanza, tena simulizi inapokolea huingia -ka-: tukaamka, tukachukua dumu, tukateremka, tukakuta foleni. Yule dada wa Sarajevo anaiendesha hivyo, na kwa kuwa mashahidi wengi wa filamu ile ni wanawake, masikio hayagomi. Wakishuhudia wanaume anapokea kijana mwingine. Sauti mbili zinatosha filamu nzima. Sauti moja ya kiume juu ya wanawake kumi, kama ilivyo Leningrad, inachosha kufikia dakika ya ishirini, na anayetazama kutoka mbali hajui tena ni nani anaongea.

Tafsiri inazidi asili kwa urefu, hilo halina ujanja. Kibosnia cha sekunde sita kikitafsiriwa neno kwa neno kinaweza kufika sekunde nane au tisa. Hapo mtafsiri ana njia mbili: aongeze mbio awe mtangazaji wa mpira, au apunguze maneno. Apunguze. Viungo kama "kwa hakika", "kwa kweli", "unajua" ndivyo vya kwanza kutoka. Majina ya mitaa yatoke kama picha inauonyesha mtaa. Vitu na idadi visiguswe.

Tukija kwenye vitu na idadi, kuna sehemu ya mkate. Kuanzia Novemba 20 hadi Desemba 25, 1941, mgao wa Leningrad ulishuka kuliko wakati mwingine wowote: gramu 250 kwa siku kwa wafanyakazi wa viwandani, gramu 125 kwa watumishi wa ofisini, wategemezi na watoto. Toleo la Kiswahili linasema "kipande kidogo cha mkate". Kipande kidogo ni kipi? Mtu anayenunua unga Soko la Majengo anaijua gramu 125 kwa jina lake: ni nusu robo, yaani nusu ya robo kilo. Ukisema "nusu robo ya mkate, kwa siku nzima, na hakuna kingine", ukumbi mzima unaliona fungu hilo kwenye mzani. Hesabu haihitaji maelezo zaidi.

Na mkate wenyewe haukuwa ngano tupu. Ulichanganywa na mashudu ya mbegu za pamba na unga uliotokana na miti. Mtafsiri amesema "uliongezwa vitu vingine". Jamani! Kuanzia Kibaigwa hadi Singida watu wanauza na kununua mashudu kila siku, wanajua harufu yake, wanajua ni chakula cha ng'ombe na kuku. Neno lipo, liko mdomoni mwa kila mfugaji, na ndilo pekee ambalo lingemfanya mzee wa Bahi akunje uso. Halafu linaachwa.

Sarajevo wamefanya vizuri zaidi kwenye vitu. Watu walibeba maji kwenye vyombo vya plastiki, wengi wakivikokota kwa vigari vya theluji vya watoto na vigari vya kusukumia watoto wachanga, mpaka kwenye chemchemi iliyo chini ya kiwanda cha bia cha mji, huku wadunguaji wakiwatazama kutoka milimani. Dada wa watu hakusema "vyombo", alisema "madumu". Kwa mji wa Dodoma, unaojua mkokoteni wa madumu ya lita 20, picha imekamilika. Alisema pia "mdunguaji" pale palipotakiwa, na alitofautisha kombora linalorushwa na mzinga na bomu linalodondoshwa na ndege. Leningrad kila kinacholipuka ni "bomu", na hilo linapoteza jambo: mlio wa metronomu ulionya zaidi kuhusu ndege, wakati kombora la mzinga hufika bila kubisha hodi.

Dada naye ana kosa lake moja. Mwaka 1993 watu wa Sarajevo walichimba njia chini ya uwanja wa ndege, ambao ulikuwa mikononi mwa Umoja wa Mataifa, kuunganisha Dobrinja iliyokuwa ndani ya mzingiro na Butmir iliyokuwa nje. Walichimba kutoka pande zote mbili kwa sururu na koleo, wakakutana Julai 30 mwaka huo. Yeye ameiita "handaki" toka mwanzo hadi mwisho. Kamusi inamruhusu. Lakini kwa masikio ya hapa, hasa ya waliokuwepo wakati wa vita vya Kagera vya 1978 na 1979, handaki ni shimo refu lililo wazi juu, unajilaza ndani likipita dege. Watazamaji wanabaki wakijiuliza mbona adui haoni wanaopita. "Njia ya chini kwa chini" ingemaliza utata. Urefu wake ni kama mita 800, yaani mizunguko miwili ya uwanja wa riadha, kimo mita 1.6 hivi na upana mita 1. Mtu mzima anapita ameinama mizunguko miwili, mgongoni ana gunia la viazi, miguuni maji. Kwa shule, mwambie mwanafunzi mmoja ainame hivyo hatua ishirini tu mbele ya wenzake.

Na neno la kuzingirwa lenyewe. Leningrad wanatumia "blokadi", Sarajevo wanatumia "mzingiro". Mzingiro unaeleweka. Ila kwa kumbi za makanisa, ambazo ndizo wateja wao wakubwa, kuna neno lililokaa tayari. Biblia ya Union inasema mfalme wa Shamu aliuhusuru Samaria, njaa ikawa kuu, kichwa cha punda kikauzwa vipande themanini vya fedha. Mwongozaji akianza kwa kusema "mji umehusuriwa, kama Samaria", wazee hawahitaji ramani. Kwa vijana atumie mzingiro. Ramani fupi bado inahitajika kwa wote, dakika mbili si zaidi: Leningrad ndiyo St. Petersburg ya sasa, na Sarajevo imekaa bondeni, imezungukwa na milima. Fikiria mizinga iko Mlimwa na vilima vyote vinavyouzunguka mji, inatazama Nyerere Square.

Wengine watauliza kwa nini wasiweke maandishi chini ya picha, sauti ya shahidi ibaki nzima. Kwa chuo ni sawa, na kikundi kina toleo la maandishi la Sarajevo. Mistari miwili, kila mmoja usizidi herufi 42, na usomaji usizidi herufi 15 hivi kwa sekunde. Kiswahili kinabana hapo, kwa sababu "walipotufungulia" peke yake imekula zaidi ya theluthi ya mstari. Kijijini maandishi hayafai: kuna wasioona vizuri, kuna wasiosoma, na pazia likining'inizwa chini vichwa vya waliokaa mbele vinafunika mstari wa pili. Mkiamua maandishi, ukingo wa chini wa pazia usipungue mita 1.2 kutoka ardhini kwa watu waliokaa mikekani, na uende mita 1.5 kwa waliokaa kwenye viti.

Mitambo tuipitie upesi. Projekta yao ni ya lumeni 3,000, pazia mita 3 kwa 1.7. Giza likishaingia mwanga huo unatosha. Kabla ya hapo hautoshi, kwa hiyo wakikuambia wataanza saa 12 jioni uwanjani, kataa. Saa 1:30 usiku ndiyo saa halali. Pazia la ukubwa huo kwenye upepo wa kiangazi wa Dodoma ni tanga. Wao hulifunga kwa vipande vya tyubu ya baiskeli badala ya kamba tupu, linavutika na kurudi bila kuchanika matundu. Akili nzuri sana. Vumbi ndilo linalowasumbua. Kichujio cha projekta kinatakiwa kufutwa kwa brashi kila jioni kati ya Julai na Oktoba, na wao hufuta wakikumbuka. Kichujio kikiziba, mashine inapata joto na kujizima katikati ya ushuhuda. Ikijizima, msiruhusu iwashwe papo hapo wala ihamishwe. Taa ipewe dakika tano ipoe, kichujio kifutwe, ndipo iwashwe.

Jenereta ni ya kVA 2, na mzigo wote haufiki kilowati moja, hivyo nguvu ipo. Tatizo ni mlio. Waya wao wa ekstensheni ni wa mita 20 na mwembamba. Filamu za namna hii zina watu wanaoongea polepole, wengine kwa kunong'ona, na jenereta iliyo mita 20 inaunguruma juu yao wote. Dai mita 40 au 50, waya wa milimita za mraba 2.5, jenereta iwekwe nyuma ya ukuta na upande upepo unakoelekea. Pakiwa na umeme wa TANESCO, anzeni nao na jenereta ikae tayari.

Spika ni zile zile za harusi. Wakifika tayari zimefunguliwa besi mpaka mwisho, na sauti ya mzee wa miaka themanini inatoka kama ya mtu aliye ndani ya pipa. Mwambieni fundi ateremshe besi, apandishe kidogo sauti za kati, na spika zinyanyuliwe juu ya meza, zielekezwe mstari wa mwisho wa watazamaji. Kisha aende yeye mwenyewe kusimama nyuma kabisa asikilize, asipime akiwa kwenye mikisa, ile mashine ya kuchanganyia sauti.

Baada ya filamu kuna mazungumzo ya dakika 40, na hapa huduma inapanda tena. Mwongozaji wao anajua kunyamaza. Karatasi ya maswali aliyopewa ndiyo mbaya: "Tunajifunza nini kuhusu amani?" Swali hilo likitoka, ukumbi unajibu kama mtihani wa uraia na kila mtu anatazama saa. Filamu zenyewe zimefundisha njia nyingine, ingawa waliotunga karatasi hawakuiona. Mashahidi hawakuulizwa walijisikiaje. Waliulizwa maji walichota wapi, dirisha lililovunjika waliliziba kwa kitu gani, jiko waliwasha kwa kuni gani. Ndiyo maana tunajua kuwa Sarajevo walichoma viatu na fanicha majikoni na wakaziba madirisha kwa nailoni za msaada za Umoja wa Mataifa.

Ukiuliza hivyo Ugogo, mlango unafunguka wenyewe, kwa sababu kuna Mtunya. Njaa ile ya 1917 hadi 1920 haikuletwa na ukame peke yake. Majeshi ya Wajerumani na Waingereza yalipita hapa yakachukua nafaka na ng'ombe, wanaume wakachukuliwa upagazi, mvua ilipokosekana maghala yakawa matupu. Aliyeiona hayupo tena, lakini wapo waliosimuliwa na bibi zao, na wanajua nini kililiwa na nani aliondoka akaenda wapi. Muulize mzee wa Chamwino au Mvumi "bibi alisema walikula nini?" baada ya ile sehemu ya mashudu, uone. Mwongozaji akiwa Mgogo, akaanza na salamu ya "mbukwenyi", ni bora zaidi. Kikundi hurekodi mazungumzo hayo kwa simu iliyowekwa mezani, jambo ambalo halisaidii chochote: inanasa upepo na mtoto analia. Kipaza sauti cha kubana kwenye shati, kimoja tu, kikipitishwa kwa anayeongea, kingetosha, pamoja na sponji yake ya upepo. Na ruhusa iombwe kabla ya kurekodi, kwa maneno, ikiwemo kwenye rekodi yenyewe.

Angalizo kwa shule na vijiji vyenye askari wa zamani wa Kagera au watu waliokimbia vita nchi jirani: waambiwe mapema nini kitaonekana. Sarajevo ina dakika kadhaa za soko la Markale, ambako kombora moja la Februari 5, 1994 liliua watu 68. Picha ni halisi. Darasa la saba kushuka chini lisionyeshwe sehemu hiyo. Aliyeguswa apate nafasi ya kutoka bila kupita mbele ya projekta, kwa hiyo acheni njia pembeni, na mtu mmoja anayefahamika kijijini akae karibu na njia hiyo.

Kuhusu haki: kuwa na diski ya filamu hakukupi ruhusa ya kuionyesha hadharani, wala kuitia sauti. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda mwenye kazi, na maonyesho ya hadharani yana taratibu zake Bodi ya Filamu. Omba kuona barua ya mwenye filamu kabla hujatoa kianzio. Kwa Sarajevo wanayo na wanaionyesha bila kusitasita. Kwa Leningrad uliza mara mbili.

Bei inapatanwa na inapanda kwa umbali. Andikishaneni mambo matatu: nani ananunua petroli (jenereta hiyo inakula lita moja kwa saa au pungufu, lita tano zinatosha usiku mzima), nini kinatokea mvua ikinyesha, na ni toleo lipi la filamu litakaloletwa, maana kwenye kompyuta yao mafaili ya zamani na mapya yamekaa folda moja.

Hilo la mwisho lipimeni wenyewe kabla hawajafunga pazia. Mwambie fundi afungue Leningrad pale metronomu inapoanza polepole, shika saa, hesabu milio kwa dakika moja. Ukifika 50 hivi bila pengo, sauti imerudiwa. Ukipoteza hesabu njiani, mwambie alete ya Sarajevo.